Mama Rehema na mtoto wa kwenye simu: uchambuzi wa kisa kutoka filamu ya mseto, Dar es Salaam

Yaliyofichwa

Kisa hiki kinahusu mwigizaji wa kike, filamu moja na soko la samaki. Dar es Salaam ina masoko kadhaa ya samaki ufukweni, kuanzia Feri na Msasani hadi Kunduchi na Mbweni. Hili ni mojawapo, na halitajwi. Majina yote ya watu yamebadilishwa, likiwemo la mtoto. Viwango vya fedha vimeachwa vilivyo, kwa sababu bila hivyo baadhi ya maamuzi hayaeleweki.

Usuli

Mwigizaji alikuwa na umri wa miaka 34. Alianzia jukwaani, akafanya Bongo Movie kwa miaka kadhaa, kisha akahamia taratibu kwenye filamu za mseto, yaani zile ambazo mhusika wa kubuni anaingizwa katikati ya watu halisi wanaoendelea na shughuli zao na kuzungumza kwa maneno yao wenyewe. Hii ilikuwa ya tatu kwake. Kwa mwongozaji ilikuwa ya kwanza, na tofauti hiyo ya uzoefu ilikuja kuwa na uzito.

Filamu ya namna hii haina mistari ya kukariri. Kulikuwa na kisa cha kurasa 14 na orodha ya sini 32, kila sini ikiwa na jambo moja tu ambalo lazima litokee: mhusika akose samaki mnadani, akopeshwe mafuta, apokee simu. Mengine yanaachiwa waliopo. Mhusika ni mwanamke aliyetoka Kilwa na kuanza biashara ya mama karanga, ile ya kununua samaki mnadani, kuwakaanga na kwenda kuwauza mitaani. Ana mtoto mwenye selimundu anayelelewa na ndugu huko Mbagala. Mtoto haonekani hata mara moja; yupo kwenye simu tu. Uamuzi huo ulikuwa wa bajeti. Mtoto kwenye seti anahitaji mlezi, saa chache za kazi na wazazi wa kukubaliana nao, na kikosi kilikuwa na watu sita.

Kwa kuwa hapakuwa na skripti kamili, kisa na orodha ya sini ndivyo vilivyopelekwa Bodi ya Filamu kuombea kibali, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976. Barua nyingine zilikwenda manispaa, kwa mwenyekiti wa soko na serikali ya mtaa. Upande huu kila kitu kilikaa sawa. Tunalisema mapema kwa sababu mambo yakiharibika sokoni, wengi hukimbilia kuuliza kibali kiko wapi.

Wiki tatu za mwanzo mwigizaji hakupigwa picha. Alifika alfajiri mnadani, akabeba ndoo, akapaa samaki, akajifunza kukaanga vibua. Hilo la mwisho lilichukua muda kuliko ilivyodhaniwa. Mafuta yasipopata moto, kibua hugandia chini ya karai. Ukimgeuza kabla upande wa chini haujakauka, ngozi inabaki na nyama inameguka. Mkaangaji mzoefu hamgusi samaki mpaka mlio wa mafuta ubadilike, kwa kuwa mlio ule ni maji ya samaki yanayochemka na kutoka. Ukishuka, ndipo ageuzwe. Mnasa sauti naye alilichukua somo hilo. Dakika mbili za mwanzo samaki wakiingia kwenye karai hakuna neno linalonaswa vizuri, hata kwa maiki ya kifuani. Mwigizaji akajizoesha kunyamaza na kushughulika mpaka mlio upungue, ndipo aanze mazungumzo. Kwenye filamu iliyokamilika ukimya huo unaonekana kuwa tabia ya mhusika, na ni mojawapo ya mambo mazuri zaidi aliyoyafanya.

Maiki yenyewe haikuwekwa kwenye kanga. Kanga hujisugua kila mkono unaponyanyuka, na msuguano huo hausafishiki baadaye. Ilibandikwa kwa plasta ndani ya ukosi wa blauzi, waya ukapita mgongoni. Lenzi nayo ilipata ukungu wa mafuta, hivyo ilivalishwa kioo cha kinga kilichofutwa kila baada ya dakika 20 hivi.

Katika wiki hizo ndipo jina lilipoingia. Sokoni mwanamke mtu mzima haitwi kwa jina lake. Siku ya pili tu aliulizwa ana watoto wangapi, akajibu ukweli: mmoja, wa kike, miaka 9, anaitwa Rehema. Tangu hapo akawa Mama Rehema. Mwongozaji alipenda jinsi jina lilivyokaa vinywani mwa watu, akafuta jina la mhusika lililokuwemo kwenye kisa, Tatu, akaagiza mhusika naye aitwe Mama Rehema. Mtoto mgonjwa wa kwenye simu akawa Rehema. Sababu ilikuwa ya kiufundi, na si ya kipuuzi: mtu asiye mwigizaji akilazimishwa kukumbuka jina la bandia hukosea katikati, na sini nzima inatupwa.

Ridhaa ilivyochukuliwa

Fomu ilikuwa ya kurasa mbili, Kiswahili cha kimkataba, na kifungu cha mwisho kilisema ridhaa haitatenguliwa. Watu 26 waliisaini katika asubuhi mbili, kati ya mnada na kukaanga, wengi wakiwa na magamba mikononi. Mratibu wa eneo, kijana aliyezaliwa jirani na soko, aliwaeleza kwa mdomo kwamba inapigwa muvi ya maisha yao.

Wengi walishaona Bongo Movie ikipigwa mtaani: taa, vipodozi, gari la vifaa, mtu wa kupiga kelele watu wanyamaze. Kikosi hiki kilikuja na kamera moja ndogo, lenzi mbili, bila taa hata moja. Kwa macho ya sokoni, hao walikuwa waandishi wa habari wanaomfuatilia mwanamke mgeni aliyeanza biashara. Hakuna kilichofanyika kuwatoa kwenye wazo hilo, kwa sababu lilisaidia watu wasiitazame kamera.

Yaliyotokea

Siku ya tano ya kupiga picha ilikuwa zamu ya sini ya simu: Mama Rehema anapigiwa kwamba mtoto amezidiwa na amekimbizwa hospitali. Wanawake saba waliokuwa karibu walielezwa kisa chote. Wakakaa kwenye benchi kusubiri simu ilie. Ilipolia, mmoja alijishika kichwa, mwingine akapiga mayowe, wa tatu akajiangusha. Ikarudiwa mara nne, na kila mara mayowe yaliongezeka. Walichokuwa wakicheza ni tamthilia za televisheni, na kamera ilionyesha hivyo hivyo.

Usiku kikosi kilikaa kikao. Mwongozaji akapendekeza kesho yake simu ipigwe bila kuwaambia watu. Mwigizaji alipinga kwa hoja mbili: wanawake wale wanajua kuwa Rehema ni mtoto aliye hai, na ugonjwa wa mtoto si jambo la kumshtukizia mtu. Akajibiwa kwamba walishasaini. Wakafikia maafikiano ya nusu kwa nusu. Washiriki wakuu wanne wangeambiwa, wengine wasiambiwe, na mwigizaji angekuwa na maneno ya kusimamisha kila kitu: "Jamani, chumvi imekwisha."

Asubuhi ya siku ya sita, kati ya wale wanne walikuwepo wawili. Mmoja alikuwa msibani, mwingine alishabeba ndoo yake kwenda kuuza. Mmoja kati ya hao wawili waliokosekana alikuwa Mama Shani, mwanamke wa miaka 58 aliyemfundisha mwigizaji kukaanga. Alirudi saa nne, na hakuna aliyemwambia. Kuahirisha kulijadiliwa kwa dakika chache, kisha likaachwa, kwa kuwa samaki wa sini walishanunuliwa na barafu ilikuwa inayeyuka.

Saa nne na dakika arobaini msaidizi alipiga simu kutoka nyuma ya banda la barafu. Kamera ilikuwa umbali wa mita tisa hivi, na lenzi ya milimita 85. Mwigizaji akapokea, akasema, "Rehema kafanyaje?" Mama Shani aliacha karai yake ikiwa na nusu ndoo ya vibua, akamshika mabega. "Kaa kwanza, mwanangu. Wamempeleka hospitali gani?" Wengine wawili walikuja mbio, mmoja akianza kufungua kibindo atoe nauli. Vibua vikaungua. Mwigizaji alimtazama mwongozaji. Mwongozaji akapunga mkono kuashiria waendelee. Sini ilikwenda dakika sita. Maneno ya kusimamisha hayakutamkwa.

Baada ya hapo mratibu alizunguka akisema ni sehemu ya muvi. Aliwapata watu wachache waliokuwa karibu. Mama Shani hakuwa miongoni mwao, kwani alishatoka kwenda kutafuta bajaji, na alipoikosa akaenda kwa wauza barafu.

Siku ya saba, kabla kazi haijaanza, Mama Shani alikuja na wanawake wanne. Alikuwa na daftari la shule la kurasa 48 na fedha zimefungwa kwenye pindo la kanga. Kwenye daftari kulikuwa na majina 27 ya waliochanga kwa ajili ya Rehema, kila jina na kiasi chake: 5,000 ya kwanza, 2,000 nyingi, 1,000 za wapaa samaki, na mwisho kabisa 500 ya kijana wa kubeba maji. Jumla ilipigiwa mstari mara mbili. Kamera ilikuwa inawaka kwa sababu mpiga picha alikuwa anapima mwanga.

Mwigizaji alisema chumvi imekwisha, kisha akawaambia ukweli papo hapo. Mpiga picha aliishusha kamera mezani bila kuizima. Picha inaonyesha ukingo wa meza na magoti, sauti ni kamili.

"Rehema mzima?"

"Mzima, mama. Yuko shule."

"Alhamdulillahi." Kimya kikapita. "Sasa jana ulikuwa unamlilia nani?"

Mama Shani akazifunga fedha upya, akaondoka. Kufikia saa saba mchana soko zima lilikuwa na habari mbili. Moja, kwamba wasanii ni matapeli. Ya pili, nzito zaidi kwa wanawake wazima, kwamba mwanamke amemtolea mwanawe uchuro mbele ya kamera kwa ajili ya fedha.

Siku tatu za kusimama

Mwongozaji alitaka kuomba radhi siku hiyohiyo na kuendelea. Mwigizaji alikataa kuingia kwenye sini yoyote mpaka mwenyekiti wa soko aitishe kikao, na hapo mtayarishaji akamuunga mkono. Gharama ya kusimama ilikuwa posho za kikosi na chakula kwa siku tatu. Gharama ya kutosimama ilikuwa kupoteza eneo.

Kikao kilifanyika chini ya banda la mnada, alasiri, mnada ukiwa umekwisha. Mratibu aliongea kidogo na mwongozaji akaomba radhi. Mwigizaji alikuja na Rehema mwenyewe. Alishauriwa hivyo na mama yake mzazi, na kikosi kiliona kuwa ni hatari, kwa kumwingiza mtoto kwenye ugomvi wa watu wazima. Hoja ya kikosi ilikuwa ya haki. Hata hivyo mtoto alipoonekana mzima, nusu ya hasira ilishuka pale pale, na mama mmoja akamsomea dua. Iwapo ilikuwa sahihi kumleta, kikosi hakijakubaliana mpaka leo.

Suala la fedha lilichukua muda mrefu zaidi. Mtayarishaji alipendekeza kila aliyechanga arudishiwe mara mbili. Mama mmoja mzee alikataa: wakirudishiwa mara mbili itakuwa wameuza, na wao hawakuuza kitu. Ikaamuliwa hivi. Fedha zilikuwa bado ziko kwa Mama Shani, hivyo yeye mwenyewe alizirudisha jina kwa jina kwa kufuata daftari, mwigizaji akiwa pembeni yake akiomba radhi kwa kila mmoja. Ilichukua asubuhi nzima. Kikosi kilimlipa Mama Shani vibua vilivyoungua kwa bei ya mnada ya siku ile pamoja na mafuta, jumla Sh 38,000, na hakuongezewa hata shilingi. Picha za siku ya sita na ya saba hazingetumika mpaka waliomo wazione.

Siku iliyofuata zilionyeshwa kwenye kibanda umiza cha jirani, kwenye televisheni ya kuonyeshea mpira. Waliomo walikuwa 11. Wanane walikubali. Wawili walikataa wasionekane wala kusikika popote. Mmoja, yule wa 5,000 ya kwanza, alikataa kuja kutazama, akakataa pia kurudishiwa fedha yake, na hajazungumza na mwigizaji tangu siku hiyo.

Kazi iliporudi

Mambo manne yalibadilishwa. Mhusika alirudishiwa jina la Tatu na mtoto wa kwenye simu akaitwa Asha. Mwigizaji alifunga kitambaa chekundu mkono wa kushoto kila alipokuwa Tatu. Akikifungua, ni Mama Rehema. Mabango mawili yaliwekwa kwenye viingilio: "Leo hapa panapigwa filamu. Mwenye kitambaa chekundu ni mwigizaji. Shida zake ni za kutunga. Hutaki kuonekana? Mwambie mwenye fulana ya njano." Na kila asubuhi, kabla ya kamera kufanya kazi nyingine, mwigizaji mwenyewe alisimama mbele yake na kueleza sini ya siku, nani yumo na nini kitatungwa, na waliokubali wakasema kwa sauti zao.

Sini ya simu ilipigwa upya na watu waliojua kila kitu. Safari hii hapakuwa na benchi. Kila mwanamke alikuwa na karai motoni na samaki ndani, na simu ilipigwa mlio ulipoanza kushuka, wakati ambao samaki lazima ageuzwe. Hakuna aliyepiga mayowe. Mmoja aliuliza bila kuinua macho, "Wana damu huko, au mpaka mtafute wa kuchangia?" Mwingine alisogeza ndoo ya Tatu karibu na yake ili amkaangie. Ilipatikana kwa mara ya kwanza, na ndiyo iliyobaki kwenye filamu.

Wazo la sini ya ziada lilitoka kwa Mama Shani. Alitaka kikao cha fedha kiigizwe, kwa sababu alichosema siku ile hakikupigwa picha vizuri. Wakakiigiza, naye akawa mkali kuliko mwongozaji yeyote: alimsimamisha mwigizaji mara tatu kwa kuwa "hukusimama hivyo, uliinama".

Matokeo

Filamu ilitoka na dakika 78. Dakika 11 zilizokuwa zimeshahaririwa ziliondolewa kwa ajili ya wale wawili waliokataa, pamoja na sauti zao zilizosikika nyuma ya sini nyingine, kazi iliyompa mhariri siku nyingi kuliko picha. Onyesho la kwanza lilifanyika kwenye kibanda umiza kilekile, mara mbili, asubuhi kwa wa mnada wa jioni na jioni kwa wa alfajiri. Malalamiko makubwa yalihusu sini ya 19, ambapo Tatu anatoa vibua kabla havijaiva.

Picha za kamera iliyowekwa mezani zimo, magoti na sauti, kwa idhini ya Mama Shani. Simu ya siku ya sita haimo.

Uchambuzi

Kosa la msingi lilifanyika kabla ya siku ya sita, pale jina la mtoto aliye hai lilipohamishiwa kwa mtoto wa kutunga. Kuchota kutoka maisha ya mwigizaji ni mbinu ya kawaida ya filamu za mseto na hufanya kazi vizuri. Lakini kuna tofauti kati ya jambo lililokwisha na jambo linaloendelea. Kama mhusika angepewa talaka ambayo mwigizaji aliipata miaka kumi nyuma, hakuna ambaye angekimbia kutafuta bajaji. Mtoto yuko leo, ana afya leo, na kila anayemjua ana wajibu kwake. Wanawake wa soko walifanya ambacho jirani yeyote mwema angefanya kwa taarifa waliyokuwa nayo, na taarifa hiyo walipewa na kikosi.

Mwongozaji alijitetea kwa mifano ya filamu kubwa za mseto. Mifano hiyo ni mizuri, ila ukiiangalia kwa makini inamgeukia. Katika Les Filles d'Olfa (2023) ya Kaouther Ben Hania kutoka Tunisia, mwigizaji Hend Sabri anashika nafasi ya Olfa, mama halisi wa kisa hicho, kwenye sini zilizo ngumu kwa Olfa mwenyewe, na Olfa yupo hapo hapo, anajua nani ni nani, anamkosoa. Katika Close-Up ya Abbas Kiarostami (1990), waliohusika na kesi ya mtu aliyejifanya mwongozaji maarufu waliigiza upya yaliyowakuta. Mpaka kati ya kweli na kutunga unaweza kumchanganya mtazamaji kadiri utakavyo, maana yeye amekuja kuangalia filamu. Aliye mbele ya kamera hakuja kuangalia. Yuko kazini.

Pili, kushtukiza hakukuhitajika. Siku ya tano ilishindikana kwa sababu watu waliwekwa kwenye benchi wasubiri kuonyesha huzuni. Mtu asiye mwigizaji akikosa la kufanya kwa mikono huigiza kwa uso. Siku ya tatu baada ya kikao, watu walewale, wakijua kila kitu, walicheza vizuri kwa sababu mafuta yalikuwa ya moto na samaki haahirishwi. Mwongozaji alihitaji karai saba zenye samaki, yaani takriban gharama ya siku moja ya chakula cha kikosi. Kumbuka tu kwamba samaki hukaangwa mara moja: ukitaka kurudia mara tatu, nunua samaki wa mara tatu, na uwanunue kwa wenyewe, kwa bei ya mnada.

Hapo linaingia suala la malipo, ambalo lilileta minong'ono ya chinichini muda wote. Mwanzoni kila mshiriki alipewa Sh 10,000 kwa siku. Kwa mwenye ndoo moja ilikuwa nzuri. Kwa mwenye ndoo tatu, ambaye akichelewa kuingia mtaani wateja wa mchana wanamkosa, ilikuwa hasara anayolipwa kuikubali. Baada ya kikao kikosi kilinunua samaki wote waliotumika kwenye sini, wakabaki mali ya muuzaji ili awauze baadaye, na posho ikawa Sh 20,000. Manung'uniko yalipungua, hayakwisha. Wapaa samaki, waliokuwa wakionekana nyuma kila siku, hawakuwa kwenye hesabu hata baada ya marekebisho, na hilo halina utetezi.

Jambo la tatu, sini haikufungwa. Kwenye filamu ya kawaida mtu hupiga kelele "kata" na kila mmoja anajua mchezo umekwisha. Hapa hapakuwa na kelele hiyo, kwa makusudi. Mratibu akatumwa kueleza watu mmoja mmoja, njia ambayo kila mara itamkosa aliyeguswa zaidi, kwa kuwa aliyeguswa zaidi ndiye wa kwanza kuondoka kwenda kutafuta msaada. Kufunga sini ni kazi ya mwigizaji mwenyewe, mbele ya wote, kabla hajakaa chini, akiita kwa jina kila aliyemgusa au kumsemesha.

Maneno ya kusimamisha yalikuwa na kasoro yake pia. Yalipangwa vizuri, lakini mwigizaji alimtazama mwongozaji kuomba ruhusa ya kuyatumia. Maneno ya aina hiyo yakishahitaji ruhusa hayana kazi. Kwenye kikao cha usiku hakuna aliyesema wazi kwamba akiyatamka, kamera inazimwa bila mjadala. Mwigizaji ndiye aliyebeba ndoo na wanawake wale wiki tatu. Mwongozaji walimjua kwa kumwona tu. Mamlaka ya kusimamisha yalipaswa kukaa kwa aliyekuwa na deni kwao, yaani mwigizaji.

Fomu nayo. Kifungu cha kutotengua ridhaa hakikumlinda mtu. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inatambua haki ya mtu kuondoa ridhaa yake, na hata bila sheria, hakuna mtayarishaji atakayeshinda soko zima kwa karatasi. Tangazo la kila asubuhi lilichukua dakika nne hadi sita na likafanya kazi ambayo kurasa mbili hazikuifanya. Faida yake ambayo haikutarajiwa ni kwamba watu walianza kurekebisha kisa kabla hakijapigwa. Mwongozaji Mfaransa Jean Rouch alikutana na jambo hilo miaka ya 1950, alipowarudishia wawindaji wa viboko wa Ayorou, Niger, filamu aliyowapiga: walimwambia atoe muziki, kwani uwindaji wa kiboko unataka kimya. Hapa, siku ya kumi na moja, tangazo la asubuhi lilisema Tatu ataiba mafuta ya jirani. Wanawake wakacheka. Mafuta yaliyokwisha kukaangia yana rangi, kila mtu anayajua yake; mwizi wa sokoni huiba kuni. Sini ikabadilishwa papo hapo.

Kitambaa chekundu kilifaulu zaidi ya ilivyotegemewa kwa watu wa soko, mpaka kikawa utani: "Hebu fungua kitambaa tukuulize." Kwa wateja na wapita njia hakikusaidia kitu, na bango la karatasi lililowa siku ya kwanza, lilipopitishwa kwenye plastiki ndipo likadumu. Kitambaa pia kilileta tatizo la mwendelezo. Katika sini mbili kinaonekana wakati ambapo kisa kinasema Tatu bado hajakipata, na mhariri aliziacha.

Makubaliano mapya yanasema kila njia mpya ya kuonyesha filamu inaombwa upya. Tamasha liliombwa, likakubaliwa na wote. Ilipofika zamu ya YouTube, wanawake wawili walikataa, mmoja akieleza kwamba mkwe wake hajui kuwa alikuwa anadaiwa mafuta, na mwingine bila kutoa sababu. Toleo la mtandaoni lina dakika 74.